Bi Nyamaza, Aliyekimeza Kikohozi Chake

Ndugu, jamaa na majirani, sogeeni karibu kidogo, ili tumsindikize dada yetu bila kupaza sauti.

Alizaliwa tarehe 14 Agosti 1961, katika nyumba ya vyumba viwili nyuma ya kiwanda cha ngozi, mtoto wa kwanza kati ya watatu wa mshona viatu na mkewe. Mama alisimulia kwamba alichelewa kusema hata majirani wakaanza kunong'ona. Kumbe mtoto alikuwa anasikiliza kwanza.

Alisoma shule ya msingi ya mtaani, kisha sekondari ya bweni, akahitimu mwaka 1980. Mwaka 1983 alipata cheti cha ufundi wa sauti katika chuo cha utangazaji, msichana pekee darasani.

Televisheni ilimwajiri mwaka huohuo kushika kipaza sauti, na kufikia 1994 alikuwa mtayarishaji kamili wa filamu za maisha halisi: kwanza za wanyama, baadaye za wacheza dansi na waigizaji. Njia yake ilikuwa moja. Porini alijikunyata kibandani tangu alfajiri, akingoja fisi maji watoke na watoto wao. Kwenye kumbi za mazoezi alikaa pembeni vivyo hivyo, mpaka wachezaji wamsahau.

"Mnyama akikusikia anakimbia," alikuwa akisema, "msanii akikusikia anaanza madaha. Heri mnyama."

Aliyepiga chafya alirudishwa garini. Ndipo wenzake kazini wakamwita Bi Nyamaza. Yeye mwenyewe alijifunza kumeza kikohozi: alifumba mdomo, akainamisha kichwa, kikashuka kama tonge.

Mume alimpata kwa ugomvi. Bwana huyu alikuwa seremala wa jukwaa, na nyundo yake iliharibu rekodi ya asubuhi nzima.

"We fundi, hiyo nyundo haina likizo?"

"Inayo, dada. Inangoja wa kwenda naye."

Walifunga ndoa tarehe 8 Desemba 1990, wakajaliwa binti, ambaye ni muuguzi, na mtoto wa kiume, dereva wa lori.

Mwaka juzi alianza filamu ya mcheza dansi mzee, mwanamke aliyekuwa akirudi jukwaani kwa mara ya mwisho. Waliahidiana kuitazama pamoja. Siku moja, wakisikiliza rekodi, fundi sauti wake akavua visikizi masikioni.

"Mama, waya unakwaruza."

"Badilisha waya."

Akabadilisha waya, akabadilisha na kipaza sauti. Mkwaruzo ukabaki palepale, katikati ya nyayo za mchezaji. Kisha akagundua kwamba siku ambazo marehemu hakukaa karibu na kipaza sauti, rekodi ilikuwa safi. Hakumwambia kitu. Alimpigia simu binti wa marehemu, naye akampeleka mama yake hospitali.

"Kikohozi kilianza lini?" daktari aliuliza.

"Mimi sikohoi, daktari."

Ilikuwa saratani ya mapafu, na ilikwisha kusambaa. Nyumbani hatukuwa tumesikia lolote. Binti yake, ambaye kazi yake ni kusikiliza vifua vya watu, alilala chumba cha pili muda wote huo. Hilo hatuna namna ya kulilainisha.

"Mama, kohoa tu," alimbembeleza wodini. "Hapa hakuna mnyama."

Marehemu alitazama vitanda vya wenzake, akafumba mdomo.

Alifariki dunia Jumanne, tarehe 5 Machi 2024, saa kumi na moja jioni, mumewe akiwa amemshika mkono. Filamu haikuwa imekwisha.

Juzi fundi sauti alikuja nyumbani, akakaa ukingoni mwa kiti. "Mzee, filamu nitaimalizia mimi. Ila ule mkwaruzo naweza kuufuta. Niufute?"

Shemeji yetu akamuuliza: "Kwenye filamu zake zote, yeye anasikika wapi?"

"Hasikiki popote, mzee. Ni hapo tu."

"Basi uache."

Ameacha mume, binti, mwana, wajukuu watatu na sisi wadogo zake wawili. Yumo pia mcheza dansi wake, aliyeketi nasi hapa mbele, ambaye ataitazama filamu ile bila mwenzake.

Mungu ampumzishe pema dada yetu, na sisi tuliobaki atujalie kusikiana mapema.