Kumlilia Mume kwa Tone Moja

Kwenye basi dogo la kutoka Pinetown, taxi kama waitavyo huku, mama mmoja Mkongomani alikuwa akimsimulia jirani yake wa kiti, Mrundi, habari za Mwingereza anayeongoza tamthilia ya televisheni hapa Durban.

"Miaka thelathini iko anatengeneza televisheni kwao, papa. Mapolisi, madaktari, malkia. Tuzo kabati nzima! Jana akanipa kazi ya mjane. Nikalia kama kwetu: nikamwita marehemu kwa jina, nikamuuliza ameniachia nani. Mzungu akasimamisha kamera. Ati nilie kimya, tone moja tu."

"Tone moja? Amefiwa na mume au na kuku?"

Taxi nzima ilicheka, hata dereva, ambaye Kiswahili hajui.

"Leo tunarudia. Nikilia kilio changu, ananifukuza."

"Basi lia chake, mama. Ni televisheni tu."

"Mume wangu alikufa kweli, kwetu Uvira, nami niko huku. Sikumzika. Kile kilio ningali nacho."

Kwenye kituo cha Warwick tulisimama. Mama alishuka, akakaza kitenge kiunoni, kama wafanyavyo wanawake wakikaribia nyumba yenye msiba.