Marehemu Mama Samaki, Mlezi wa Midomo-Kufuli

Marehemu tunayemsindikiza leo alizaliwa tarehe 9 Mei 1956, mtoto wa tatu wa fundi viatu na mkewe, katika nyumba ya mwisho ya mtaa ulioishia kijitoni. Jina la cheti alikuwa nalo, lakini ukilitaja mtaani watu wangekuuliza ni nani huyo. Wote tulimjua kama Mama Samaki. Aliitwa hivyo kabla hajapata mtoto hata mmoja, na hakuuza samaki maishani mwake, ingawa wageni hawakuacha kubisha hodi na mabeseni wakiuliza kilo bei gani.

Alianza shule ya msingi mwaka 1963 na kumaliza sekondari mwaka 1974. Darasani alikuwa wa kawaida, wala hakuficha. Akili yake ilibaki kijitoni, chini ya mawe, walikoishi samaki wadogo wa kijivu, urefu wa kidole, ambao hakuna aliyewala wala kuwajali. Yeye ndiye aliyetuonyesha kwamba mama yao hubeba mayai mdomoni, na yakishaanguliwa, vitoto vikishtuka hurudi mbio humo humo kinywani. Wiki tatu mama hali kitu, taya limejaa, katulia tuli. Akawabandika jina la midomo-kufuli. Baba yake alisema laiti binti yake naye angezaliwa katika ukoo huo, maana kwa kusema alikuwa hajambo.

Mwaka 1976 aliajiriwa katika karakana ya vioo, mwanamke pekee kati ya mafundi. Alikata vioo vya madirisha, na mabaki akayaunga kwa gundi yakawa matangi ya samaki. Mwaka 1981 kijito kiliingizwa kwenye mabomba ya zege ili barabara ipite juu. Malori yalipoanza kumwaga kifusi, alishuka na ndoo mbili, akapanda nazo zikiwa na midomo-kufuli. Hakuna aliyewahi kuwaona mahali pengine. Tangu hapo alijua kwamba wakifia mikononi mwake, ndiyo basi tena, wamekwisha. Hofu hiyo hakuiacha. Baadaye alijitegemea, akaunda na kuhudumia matangi ya vyumba vya kungojea, kuanzia kwa daktari wa meno hadi benki.

Mumewe, karani wa posta, alifika karakanani kutafuta kioo cha dirisha. Akarudi. Akarudi tena. Mara ya nne marehemu akamuuliza hiyo nyumba ina madirisha mangapi, naye akakiri ni mawili. Walifunga ndoa tarehe 18 Agosti 1984, wakajaliwa binti na mtoto wa kiume. Bwana huyu hakuwa mtu wa samaki. Alilalamika kwamba beseni la kuogea lina wageni, kwamba maji yale ya kijani yanatia aibu mbele za watu, na kwamba nyumbani kwake mwenyewe anaishi kwa hisani ya pampu ya hewa ya samaki. Lakini wifi wa marehemu, anayewasomea haya, ni shahidi: umeme ukikatika, wa kwanza kukimbilia kuchota na kumwaga maji kwa kikombe ili samaki wapate hewa alikuwa mlalamikaji huyo huyo.

Septemba 2023 moyo wa marehemu ulianza kudhoofika, na tarehe 4 Februari 2024 akalazwa. Mumewe akabaki na matangi. Alipoambiwa mkewe ataruhusiwa karibuni, alitaka akute pamependeza. Akamwaga maji yote ya zamani, akasugua vioo na mawe, akasuuza sponji za kuchujia, akajaza maji ya bomba moja kwa moja. Yakang'aa. Sasa, maji ya bomba yana dawa. Lazima yalale kwanza kwenye ndoo wazi. Na ule uchafu wa sponji ndio unaowakinga samaki. Aliambiwa hayo miaka nenda miaka rudi, yakaingia sikio hili yakatokea lile. Kulipokucha, midomo-kufuli wote walikuwa wakielea.

Mumewe mwenyewe ameomba jambo hili lisomwe kama lilivyo. Watoto walimsihi asimwambie mgonjwa. Alikataa, akaenda hospitalini, akakaa kando ya kitanda.

“Mke wangu, nimekuulia samaki wako. Wote.”

Marehemu alifumba macho, machozi yakamtoka. Kisha akauliza kama maji aliyalaza. Mumewe akajibu hapana, alitaka tu akute pasafi. Ndipo akamshika mkono.

“Mume wangu, nakupenda, lakini nakujua. Ulidhani ningewaacha kwako peke yako?”

Kumbe miaka yote ile, katika kila tangi alilolihudumia alitia jozi ya midomo-kufuli, akimwomba mwenye nalo amshikie kwa muda tu, atarudi kuwachukua. Hakurudi kumchukua hata mmoja. Na kila mtu alidhani ni yeye pekee aliyeaminiwa.

Alirudi nyumbani tarehe 2 Machi, na alfajiri ya tarehe 21 Machi 2024 akaaga dunia usingizini, mumewe akiwa kando yake.

Ameacha mume, watoto wawili, wajukuu watano, na wifi aliyekosa mtu wa kubishana naye. Tangu juzi watu wanafika msibani, daktari wa meno, mwalimu mkuu, mlinzi wa benki, kila mmoja akimvuta mfiwa pembeni na kumnong'oneza kwamba ana samaki wa marehemu, awarudishe lini. Jibu la familia ni moja: kaeni nao, muwatunze. Ila mumewe ana ombi, na hawezi kusimama hapa akalisema mwenyewe. Yeyote ambaye wake wamezaana, amletee jozi moja tu. Nyumba imekuwa kimya mno. Ndoo amezijaza tangu jana, na maji yamelala.

Mungu ampe wifi yetu pumziko la amani.