Jina Hili Silo Langu

Kaeni, wanangu, na aliyesimama mlangoni aingie afunge, maana nitakayosema nitayasema mara moja tu, pumzi yenyewe mnaona inavyokuja kwa kubembelezwa. Wewe mkubwa, tia simu hiyo mfukoni. Na wewe mdogo wake, mwalimu wa watu, leo utakuwa mwanafunzi. Dada yenu akae hapa kitandani pangu na mtoto wake ampakate hapahapa, asipelekwe chumba cha pili kama aibu ya nyumba.

Nina hasira. Daktari ameniambia nisikasirike, nami nimemwambia basi anitafutie dawa ya kubadilisha watoto wa kiume. Jumatano mlisimama hapo mlipokaa, mkidhani nimelala, mkamwambia dada yenu kwamba Habanduki ni jina la baba, linapita kwa wanaume, na mtoto asiye na baba wa kumtaja hawezi kulibeba. Mkasema mmeshapeleka barua ya pingamizi kwa msajili. Barua! Mtoto ana miezi minne, jino hajaota, na wajomba zake wameshamshtaki. Dada yenu alinibadilishia shuka, akanifuta uso, kisha akaenda jikoni akafungulia bomba mpaka mwisho ili nisimsikie akilia. Nilimsikia.

Sasa nisikieni mimi. Mmekua mkijua kwamba nilipokuwa natunza boila la hospitali, lile pipa kubwa la chuma kule chini lililopeleka mvuke na maji moto wodini, siku moja lilitaka kupasuka, watu wote wakakimbia nikabaki mimi. Wewe mkubwa uliyasimulia haya kwenye harusi yako, watu wakapiga makofi, nami nikainua glasi bila haya. Ni uongo. Aliyekimbia ni mimi. Niliona mshale wa geji umevuka alama nyekundu, nikasikia chuma kinaguna, nikatupa spana, nikapanda ngazi mbilimbili, nikakata uwanja, na sikusimama mpaka getini, kiatu kimoja mguuni, kingine sijui kilikoangukia.

Mama yenu alikuwa chumba cha kufulia, mlango wa pili, anakunja mashuka, na wewe mkubwa una miezi saba tumboni mwake. Aliniona nikipita. Hakuniita. Akaingia kule nilikotoka. Palikuwa na mkono wa chuma wa kutolea mvuke, ambao ukiuachia unarudi wenyewe, basi akaufunika kwa mashuka mabichi, akauvuta, akaulalia kwa uzito wake wote, na juu ya kichwa chake, ghorofa ya kwanza, kuna mtu amepasuliwa tumbo mezani, na kuna akina mama saba waliojifungua asubuhi hiyo. Fundi mkuu alikuwa nje anafunga bomba la mafuta yaliyowasha boila. Aliposhuka akamkuta ameshikilia vilevile, akapiga kelele, "Banduka, mama, utaungua!" Mama yenu akamjibu, "Sibanduki mpaka mshale ushuke." Ukashuka. Ngozi ya mikono yake ilibaki kwenye mashuka. Yale makovu mliyokuwa mkiyachezea mkiwa wadogo, mkaambiwa ni maji ya kuoga, ndiyo hayo.

Tangu siku hiyo hospitali nzima, wafagiaji kwa wapasuaji, ikamwita Habanduki. Mimi wakaniita Mbio.

Miezi miwili baadaye tulikwenda kukuandikisha wewe, na karani aliposikia tunakofanya kazi akanitazama mimi, hakumtazama mama yenu, akauliza, "Ndiwe yule Habanduki?" Kusema hapana si kazi, neno lenyewe dogo. Nikasema, "Ndiye mimi." Karani akainuka akanipa mkono, akaliandika jina kwa kalamu nzuri, na mama yenu amekupakata pale pembeni, mkono mmoja bado una bandeji. Tulipofika nje akaniuliza jambo moja tu: "Litakuenea?" Nikatangulia mbele. Hakuuliza tena mpaka anaondoka duniani, miaka arobaini na moja, na kila mwaka kimya chake kilinichoma kuliko matusi. Mlidhani mimi na fundi mkuu tulinuniana kwa kugombania ukuta wa mpaka? Ukuta gani! Nilimchukia kwa sababu anajua.

Kwa hiyo kama jina linapita kwa wanaume, nyinyi wawili ni akina Mbio. Nendeni mkaandike hivyo kwenye vitambulisho. Wewe mkubwa, weka kibao dukani kwako, "Mbio na Ndugu, Mafundi wa Lifti," tuone nani atapanda. Habanduki! Litamkeni. Kuna mahali linasema bwana au bibi? Linasema tu kwamba kuna mtu alitakiwa aondoke, akakataa. Mwaka huu yule mwanamume aliyempa mimba amemwambia dada yenu aondoke, akaambiwa aondoke kazini, na nyinyi damu yake mkamwambia aondoke kwenye jina. Yuko hapa. Anayenigeuza kitandani na kunisafisha uchafu ni yeye, si nyinyi mnaoleta machungwa.

Subirini... nipumzike kidogo.

Jumatatu nendeni wote wawili kwa msajili, mkaitoe barua yenu kwa mikono yenu. Mkitoka hapo mpitie kwa fundi mkuu, yuko hai, mkamwambie ukweli nimeusema mwenyewe, kwa kinywa changu. Nyumba ni ya watatu sawasawa, lakini ufunguo akae nao dada yenu, na atakayemtoa humu nimemkataa. Na kaburini kwa mama yenu, ling'oeni lile jiwe. Nimeliandika "Mke wa Habanduki." Mtu nimemfanya mke wa jina lake mwenyewe, nikalipa na fundi akachonga! Wekeni jipya, aandikwe Habanduki peke yake. Mimi niandikeni mtunza boila. Yatosha.

Mkubwa, usinililie hapa, kalie kwa msajili. Sogea... Sauti inaniishia. Nawabariki hivihivi nikiwa na hasira, maana nikingoja ipoe sitawahi. Mungu awape miguu mizito siku ambayo kila mtu anakimbia. Awape... awape mdomo wa kusema hapana mtu akiwasifia cha mwenzenu. Mimi mdomo huo ulinishinda.

Mlete mtoto, mwanangu. Hapa, kifuani. Mwepesi huyu. Wewe mkubwa, mjomba wake, mwite jina lake. Lote, na la ukoo... Sijasikia. Kwa sauti, baba. Tena.