Sare ya Mwisho ya Kiguu na Njia

Ndugu, jamaa, majirani, nanyi wachezaji wa sataranji mliofika kutoka mbali, mimi ni mdogo wake marehemu, yule fundi cherehani wa sare za shule, familia imenituma niwasomee maisha ya kaka yangu, nami nawaomba mnivumilie nikienda mbiombio, kwa sababu mtu ninayemsoma hakupata kusubiri lolote duniani.

Marehemu alizaliwa tarehe 14 Machi 1961 katika wodi ya wazazi ya hospitali ya wilaya, akiwa mtoto wa kwanza wa dereva wa lori na mpishi wa shule, tena alizaliwa kabla ya siku zake, na mama yetu alikuwa akisema kwamba huyo tangu tumboni hakuwa anakaa kitako, hivyo mtaa ukambandika jina la Kiguu na Njia, ambalo hata mabosi wake walikuja kulitumia.

Alianza shule ya msingi Januari 1969, akawa anatolewa darasani kila mara kwa kusimamasimama, hadi mwalimu wa hesabu alipochoka, akamweka stoo na ubao wa sataranji wenye farasi mmoja aliyevunjika kichwa, akamwambia asitoke mpaka ajue kila kete inavyokwenda, na aliporudi akamkuta ametulia tuli, jambo lililomtisha mwalimu kuliko fujo zote. Alimaliza sekondari mwaka 1979 bila kuvaa sare kamili hata wiki moja, shati lilikuwa linamwasha, soksi zinambana, na mimi ambaye riziki yangu ni sare nasema alianza kuniharibia biashara kabla sijashika sindano.

Juni 1982 aliajiriwa na shirika la simu kama fundi wa nyaya, kazi iliyomfaa kwa kuwa ni ya kupanda nguzo na kutembea, na jioni alicheza sataranji katika chumba cha mapumziko cha mafundi, anasogeza kete, anainuka, anazunguka meza, anachungulia dirishani, anarudi, mpinzani akimfuata kwa macho mpaka anasahau zamu ni ya nani. Mwaka 1985 alikuwa bingwa wa taifa, akaurudia ubingwa huo mara kadhaa. Wasioujua mchezo nawaeleza kwamba wawili wakiona hakuna wa kumshinda mwenzake, mmoja huomba sare, wakapeana mikono, mchezo ukaisha, na sare hiyo kaka aliichukia kama ile ya shuleni, akisema zote mbili kazi yake ni kuwafanya watu walingane.

Tarehe 6 Agosti 1988 alifunga ndoa na karani wa posta, wifi yangu huyu aliyekaa mbele, ambaye anakumbuka kwamba alichumbiwa na mtu aliyesimama, mkono kwenye kitasa cha mlango, wakajaliwa mtoto wa kiume mwaka 1990, ambaye ni fundi umeme, na binti mwaka 1995, ambaye ni mwalimu wa kompyuta.

Sasa nifike kwenye cheo, maana ndicho kilichomla. Ili mtu aitwe grandmasta, cheo cha juu kabisa cha sataranji, mbali na alama za kutosha, ambazo kaka alizipata, ni lazima afikie kiwango maalumu katika mashindano makubwa matatu, naye alikifikia mara ya kwanza mwaka 1994, ya pili mwaka 1997, na ya tatu, Septemba 1999, ulikuwa umebaki mchezo mmoja ambao sare ilitosha kabisa, na mpinzani aliiomba yeye mwenyewe. Kaka akainuka, akauzunguka ukumbi, akarudi, akakataa, akafungwa. Alipompigia wifi simu, wifi alimuuliza kama hiyo sare nayo ilikuwa inamwasha, na huyo bwana akakata simu. Baada ya hapo vijana aliowafundisha yeye wakawa magrandmasta, wakimsalimu shikamoo mwalimu, naye akiwachekea kwa meno tu, na nyumbani hakukaliki.

Aprili 2019 moyo ulianza kumsumbua, daktari akamwambia moyo huu sasa unataka mtu anayetulia, naye akauliza kama hakuna dawa nyingine. Hata hivyo Novemba 2021 aliondoka kwenda mashindanoni, binti yake akiwa nyuma na mfuko wa dawa, na ikawa vilevile, mchezo wa mwisho, sare inatosha, kila mmoja amebakiwa na kete ya ngome lakini yeye amezidi kete moja ya askari, na mpinzani akaiomba. Kaka alijaribu kuinuka, miguu ikakataa, akamtazama binti, binti akautazama mfuko wa dawa, basi akanyoosha mkono, akakubali. Ukumbi ulipiga makofi, cheti kikaletwa mwaka uliofuata, wifi akakitundika sebuleni.

Tulidhani tumepumzika, kumbe ndiyo kwanza balaa linaanza, kwa sababu kaka aliamini ameuza mchezo aliokuwa anaushinda, akasema cheo hicho ni nguo ya kuazima, na nguo ya kuazima haisitiri, mwisho wa methali hiyo mnaujua wenyewe. Alizipanga kete zile kama zilivyokuwa siku ile kwenye meza ya chakula, baadaye kwenye sinia la wodini, akaitafuta njia ya kushinda asubuhi na jioni, na binti alipotaka kuiuliza kompyuta alimkatalia, akasema akiwa hai asiambiwe na mtu. Alifariki Alhamisi, tarehe 2 Februari 2023, asubuhi, hospitalini, ameshika ngome mkononi, na ilituuma, inatuuma bado, kwamba aliondoka akihangaika.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliokubali kuhudumia mgonjwa asiyekaa kitandani, majirani mliotuletea viti na kubaki nasi, mafundi wenzake wa simu, chama cha sataranji, na wale vijana wa shikamoo mwalimu, ambao leo ndio waliobeba jeneza.

Kaka, nina neno kwako, na wifi ameniruhusu. Juzi binti yako aliziingiza zile kete kwenye kompyuta, ikafanya kazi kutwa nzima, sisi tumeizunguka kama wewe, na ilipomaliza binti akasoma jibu, wifi akamwambia arudie, akarudia, ndipo wifi akalia kwa mara ya kwanza tangu utuache. Njia ya kushinda haikuwepo, hata kwa askari wako huyo mmoja, hukuuza kitu. Ilikuwa sare, kaka. Cheo ni chako, pumzika, grandmasta, na sasa iwe kwa amani.