Niliiondoa Kesi, Sikuiondoa Haki Yangu

Bwana asifiwe, akina mama. Leo sikuja kuimba. Nimekuja kutubu, maana nilikula kiapo cha uongo mahakamani, nacho karibu kinitoe nyumbani.

Mnatujua sisi wa Mishomoroni: nyumba yako, ardhi ya mwingine. Mwenye shamba alimruhusu baba mkwe kujenga, naye akatia dole gumba kwenye karatasi mbele ya wazee. Mwenye shamba alipokufa, wanawe wakauza. Asubuhi moja nikakuta alama nyekundu ya kubomolewa ukutani, chini ya dirisha la mama mkwe ambaye hatembei. Kesho yake wakaja watu na kamba, wakapima hadi jikoni nikiwa napika, hata salamu hawakunipa. Ndugu zangu, nawaambia, mtu akiingia kwako bila salamu, kwake yeye umeshahama.

Nikakimbilia mahakamani, na huko ndiko nilikojiponza. Watu wa mtaa wa pili walikuwa wameshinda kesi yao, basi nikachukua karatasi zao, nikampa mpiga chapa abadilishe majina tu. Wao waliingia shamba bila ruhusa ya mtu, wakakaa miaka mingi bila kutolewa, na sheria humpa ardhi aliyekaa hivyo, si aliyeruhusiwa. Nami nikaapa vivyo hivyo, kwamba hatukuruhusiwa na yeyote. Sikusoma. Ujuaji wangu huo!

Kesi ilipotajwa, wakili wa mnunuzi akainua ile karatasi yenye dole la baba mkwe. Hapo ndipo nikajua nimeapa uongo.

Wiki hiyo hiyo akaja bwana mmoja aliyetumwa na mnunuzi, mpole sana, na barua iliyokwisha kuchapwa. "Mama, tia sahihi hapa uondoe kesi, tuishi kwa amani." Kalamu nilishaishika. Binti mmoja wa kanisa hili, anayejua mambo ya sheria, akaniuliza, "Mama, mstari wa mwisho umeusoma?" Mstari huo ulisema sitadai nyumba ile tena popote, mimi wala watoto wangu.

"Kesi hii utashindwa," akaniambia, "na ukishahukumiwa, basi. Iondoe mwenyewe, lakini mwombe jaji aandike kwamba haki yako ya kufungua nyingine inabaki."

Niliogopa, jamani. Niondoe kesi na ukuta umeshatiwa alama? Lakini nilisimama nikakiri kosa. Wakili wao akapinga, akitaka nihukumiwe siku ile ile. Jaji akaandika kama nilivyoomba. Kesi ikaondoka, haki yangu ikabaki. Tukafungua nyingine, hii ya kweli, inayosema baba mkwe aliruhusiwa kujenga, na mahakama ikaamuru nyumba isiguswe hadi kesi iishe.

Binti, Mungu akuzidishie. Nanyi mliomlisha mama mkwe nikiwa mahakamani, ahsanteni.

Haijaisha, nami bado naogopa. Jirani yangu aliyenakili karatasi zangu alikataa kuondoa kesi yake, akaniita mwoga. Ikaamuliwa, akashindwa. Juzi nimemsaidia kubeba mabati ya nyumba yake iliyobomolewa.

Somo langu ni hili: soma unachoapia. Na ninyi wanne mlio humu ndani mliochukua kwangu nakala ya karatasi zile za uongo, nawaomba, leo msitoke kabla hatujazungumza.