Naomi na Majumba ya Waingereza

Kadzo alikuwa amekalia mbuzi anakuna nazi ya mchuzi wa samaki, kifuu bado kimejaa nusu, binti yake Naomi alipochomoka chumbani na simu mkononi akipiga ukelele uliofika mpaka benchi la nje. Benchi hilo liko ubavuni mwa mlango wao pale Mbaraki, na kila jioni lina wenyewe: Gunga, aitwaye Redio kwa sababu hazimiki, na Wekesa wa bandarini, aitwaye Winchi kwa ile mikono yake. Thoya, baba Naomi, ndiye mwenye birika la kahawa. Kabla Kadzo hajafuta mikono, habari ilikuwa imeshawafikia: chuo kimoja cha Uingereza kimemwita Naomi kwa miaka miwili akafanye utafiti wake wa historia.

— Hongera, mwanangu! Winchi alisimama, kahawa ikamwagika. Utafiti wa nini vile?

— Tamthilia zao za televisheni, mjomba. Zile za majumba makubwa ya zamani.

— Ataigiza! Redio akapiga paja. Wallahi nilisema huyu ana sura ya televisheni!

— Siigizi, ami. Naziandika habari zake. Mimi ni mwanahistoria.

— Zile za magauni yanayofagia sakafu, na wapishi wamepangwa mlangoni kama gwaride? Winchi akauliza.

— Hizo hizo.

Ndani, Kadzo alirudi kwenye nazi yake. Miaka miwili. Charo, kaka yake Naomi, naye alikwenda Ghuba kwa miaka miwili, na hakurudi hata kumzika nyanya yake; mpaka leo yuko huko.

— Lakini yakhe, alisema Redio, kwani Waingereza wamekosa watu wa kutazama televisheni yao?

— Wamesahau, Winchi akajibu. Wanataka shahidi. Si sisi tuliowafulia nguo?

— La! Nimeng'amua! Mle ndani mna vitu vyetu. Zile pembe za ukutani ni za ndovu wa Tsavo. Naomi atanyoosha kidole tu, turudishiwe!

— Zije Kilindini, nizishushe mwenyewe!

— Jumba zima!

— Na bibi mwenye jumba ndani, kikombe cha chai mkononi!

Naomi alicheka mpaka akakaa chini.

— Nisikilizeni. Tamthilia ya mambo ya zamani haisemi sana habari za zamani. Inasema habari za siku ilipotengenezwa. Mambo yakiwabana, wanatengeneza jumba lenye meza imejaa na watumishi wanaotabasamu. Mimi nauliza, wakati ule walikuwa wanatamani nini?

— Hapo umeniacha, Redio akakiri.

— Ami, kwenye sherehe za Mji wa Kale ulivaa nini?

— Hamali wa zamani! Shati jeupe, mshipi mwekundu, kofia ya kudarizi. Picha zangu zilifika Feri!

— Na babu yako, aliyekuwa hamali kweli?

Redio alikuna kidevu.

— Gunia. Lililotobolewa shingo.

— Mbona wewe hukuvaa gunia?

— Mbele ya wageni wote wale? Nivae gunia?

Winchi alimwangukia begani kwa kicheko. Thoya naye, ambaye hacheki ovyo, alitikisika mabega.

— Basi hiyo ndiyo kazi yangu, ami.

— Aende! Redio alikuwa amesimama juu ya benchi. Aende hata kesho! Atafutiwe koti!

— Makoti mawili! Kule baridi inauma!

Ogutu, mpangaji mpya wa nyumba ya nyuma, alikuwa ndiyo kwanza amefika na kikombe chake.

— Na mama yake amesemaje?

Thoya aliinamisha birika, likatoa mashapo ya kahawa tu. Wote wakageukia mlango, Naomi wa kwanza.

Kadzo alikuwa amesimama pale, mwiko mkononi.

— Chakula tayari, alisema. Ingieni.

Alipokuwa akimpakulia Naomi, alimwambia bila kuinua uso:

— Tiketi ya kurudi niione kabla hujapanda ndege.

— Wanatoa ya kwenda na kurudi, mama. Kwa hiyo umekubali?

— Kula, samaki anapoa.

Kisha akahesabu vichwa, kama afanyavyo kila jioni. Thoya. Naomi. Jared, kitindamimba. Redio na Winchi, ambao hakuna aliyewaalika. Ogutu, bado ameshika kikombe kitupu. Ukimtoa Charo, walikuwapo wote. Akavuta sahani yake, akala.