Nilimwita Mwizi Mtu Aliyemwokoa Mwanangu

Bwana asifiwe, ndugu zangu! Na wewe uliyesimama pale mlangoni kwa kukosa kiti, Bwana asifiwe kwako pia.

Mimi ni Rosa, mshonaji. Huko mtaani Mowlem wananiita Mama Nekesa. Mmesikia hapa watu wakishuhudia walivyotolewa kwenye pombe, na wengine walivyoinuliwa kitandani. Mimi Mungu alinitoa kwenye shuku. Msicheke! Shuku ni ugonjwa, na nusura ugonjwa wangu umuue mtu mchana kweupe.

Ulianzia mtaa wa Umoja, mume wangu alipofariki. Shemeji zangu walikuja matanga kutoka Bungoma. Wakanikumbatia, wakalia nami hadi nikahisi nina watu. Kabla udongo wa kaburi haujakauka, walibeba kitanda, kabati, redio, mpaka mapazia. Cherehani ilisalimika kwa sababu ilikuwa kwa fundi. Siku hiyo nilisema moyoni: Rosa, machozi ya mtu usiyaamini tena.

Nikahamia Mowlem, chumba kimoja katika ploti ya vyumba vingi, mimi na binti yangu Nekesa, mtoto wa miaka sita. Ndugu zangu, niliishi mle kama mtu aliyezungukwa na maadui. Wanawake wakicheka bombani, wananicheka mimi. Mtu akinisalimia asubuhi, anataka kujua ninatoka saa ngapi. Akija kuomba chumvi, anachungulia nina nini. Nguo yangu moja ilipotea kwenye kamba, kweli ilipotea, na mpaka leo sijui ilikwenda wapi. Basi nikawashuku wote, hata wale wasio na mwili wa kuingia nguo ile!

Katika chumba cha pili kutoka changu waliishi watu wa Machakos, Mama Mutua na mumewe, dereva wa lori. Mama Mutua alipika githeri siku moja akaniletea bakuli limejaa. Nikashukuru kwa mdomo. Mlango ulipofungwa, nikaimwaga. Nani hutoa chakula bure Nairobi? Naye Baba Mutua alikuwa mtu wa maneno machache, na mtu asiyesema ndiye niliyemwogopa zaidi. Siku moja alipita dirishani akasema, "Mama Nekesa, hiyo cherehani yako ina nguvu, tunaisikia mpaka kwetu." Mwingine angesema asante. Mimi nilikosa usingizi. Nilijua anaipigia hesabu.

Kazi yangu ilikuwa kurekebisha nguo za mitumba na kuzirudisha soko la Gikomba. Kila nilipokwenda, nilimfungia Nekesa ndani kwa kufuli. "Usimwitikie mtu," nilimwambia, "hata akikuita kwa jina lako." Mtoto akakaa dirishani kuwatazama wenzake wakiruka kamba. Siku moja akaniuliza, "Mama, Mama Mutua akinitabasamulia, anataka nini?" Nikamsifu kwa kuwa mwerevu! Kumbe nilikuwa nikimlisha sumu, kijiko kwa kijiko.

Ikaja ile mvua ya El Nino. Mnaikumbuka. Asubuhi moja kulikuwa na manyunyu tu, nikaona nikimbie Gikomba nipeleke mzigo. Nikafunga kufuli, nikaenda. Nikiwa sokoni mbingu ikafunguka. Nilikaa chini ya kibanda nikingoja ipungue, na wala sikuwaza maji. Niliwaza, mvua kama hii watu hawaonani, mwizi atafanya kazi yake vizuri.

Nilishuka barabarani karibu na kwetu mvua ikiwa imepungua. Na nikaona nini? Baba Mutua, anapanda kutoka upande wa ploti yetu, na cherehani yangu begani!

Sikuuliza. Ndugu zangu, sikuuliza hata neno moja. Nilipaza sauti yote Mungu aliyonipa: "Mwizi! Mwizi huyo! Mshikeni!"

Nyinyi mnajua katika mitaa yetu ya Eastlands neno hilo linafanya nini. Vijana walitoka vibandani kama nyuki. "Shika huyo! Lete mawe!" Jiwe la kwanza lilimpata kichwani. Alipiga magoti kwenye matope, lakini cherehani hakuiachilia, aliikumbatia tumboni. Na mimi nilifurahi. Lazima niliseme hilo mbele ya madhabahu. Nilifurahi, kwa sababu nilikuwa nimejua tangu mwanzo!

Ndipo Mama Mutua akaja mbio, miguu mitupu, amembeba mtoto kwenye leso. Alijitupa juu ya mumewe akapiga yowe. "Mnaua nani? Mama Nekesa, unamuua nani? Maji yameingia ploti! Huyu ndiye amevunja kufuli akamtoa mtoto wako, akarudi kuokoa cherehani yako!"

Leso ikafunuka. Alikuwa Nekesa wangu, ametota, anatetemeka. Akaniambia kwa sauti ndogo, "Mama, nilipanda juu ya meza. Waliniita, sikuitikia. Nilifanya vile ulisema."

Vijana wakaangusha mawe, mmoja mmoja, wakaondoka bila kunitazama. Mtaro nyuma ya ploti ulikuwa umefurika, ukuta ukaanguka, na chumba changu ndicho kilichokuwa chini kuliko vyote. Maji yalikuwa yamefika kwenye meza.

Tulilala siku zile katika darasa moja la shule, majirani wote pamoja. Mama Mutua alinipa chai. Na mnajua? Niliinusa kwanza! Hapo ndipo nilipojiogopa. Mtoto wangu amerudishwa kutoka mautini, na bado nanusa kikombe. Nikaweka kikombe chini, nikalia, "Bwana Yesu, siwezi kujiponya. Niondolee kitu hiki!" Kisha nikainywa chai yote, na ilikuwa chai tu, ndugu zangu, chai tamu ya tangawizi.

Nikaenda kwa Baba Mutua, kichwa chake kimefungwa kitambaa, nikapiga magoti. Akaniinua.

"Mama," akasema, "niliposimama mbele ya kufuli lako nilijua utaniita mwizi. Nilingoja kidogo. Halafu mtoto akakohoa. Nikasema, basi, na aniite."

Haleluya! Alijua, na akavunja!

Msidhani nilipona siku moja. Bado moyo hunong'ona, bado nafunga mlango ninapotoka, kwa maana wezi wapo na Mungu hakunifanya mjinga. Lakini ploti ni ile ile, bomba ni lile lile, wanawake ni wale wale. Siku hizi wakicheka ninasogea na ndoo yangu. Wanacheka waume zao! Nami nacheka nao. Miaka yote ile nilikaa na watu wema nikaishi kama niko kwa wanyang'anyi.

Ninamshukuru Mungu, ninamshukuru Baba Mutua, ambaye haabudu hapa lakini Mungu anamjua. Na wewe uliyenyang'anywa na watu wako mwenyewe, ukaapa hutaamini mtu tena, ninakujua. Sikuambii uache kuogopa leo. Mwombe Bwana akupe ujasiri wa jambo dogo: ibada ikiisha, kabla hujakimbilia nyumbani, mgeukie uliyeketi naye, umuulize jina lake. Halafu ungoje ajibu.